Jina la Kuita Langoni

Miaka hiyo vitabu kuhusu Wamaasai vilikuwa vimeshawazidi Wamaasai wenyewe kwa idadi, na kila wiki vilizaliwa vingine. Vingi havikuwa na mwandishi mwenye jina wala tumbo. Viliandikwa na Mlezi, mashine iliyowekwa ndani ya jengo la vioo nje kidogo ya Arusha. Mlezi ilisoma vitabu vyote vilivyotangulia, ikavichanganya, ikatoa kipya, kisha ikakisoma hicho kipya kwa heshima zote, kana kwamba kimetoka kwa mtu.

Nalotuesha aliingia kazini humo kama mfunuaji wa kurasa. Alikaa mbele ya kamera na kitabu cha zamani, akifunua ukurasa baada ya ukurasa ili mashine ione, na kwa kuwa hakuna aliyemkataza, naye alisoma. Mila za kwao hakuzisomea chuoni. Alizijua kwa njia mbili, nyumbani kwa mama yake na kwenye kiti kile, na njia hizo mbili hazikukutana mara nyingi. Baadaye alipandishwa, akawa mhakiki.

Kwa muda mrefu alijizuia kuidharau mashine. Aliona si haki kukidharau kitu ambacho hakikuchagua kisomeshwe nini. Dharau ilimjia polepole, kama kutu inavyoingia kwenye sufuria, na alipoigundua ilikuwa imeshapenya hadi upande wa pili.

Kwa Sheria ya Malisho, boma lililotaka kuhamishia ng'ombe kwenye nyanda za Lorkeri wakati wa kiangazi lilipaswa kuthibitisha kwamba bado linaishi kimila. Lililoshindwa lilihesabiwa kuwa la watu wa kawaida, na watu wa kawaida walitakiwa wajitafutie majani pengine. Pengine hapakuwepo. Mwenye kuthibitisha alikuwa Mlezi. Kazi ya mhakiki ilikuwa kupeleka kifaa bomani, kukisimamisha kwenye miguu yake mitatu, na kujibu ndiyo au hapana pale mashine inapomuuliza. Mhakiki alitakiwa awe mtu wa jamii hiyo hiyo, ili pasitokee malalamiko.

Asubuhi moja kioo cha mezani kwake kilimwonyesha boma linalofuata. Lilikuwa la marehemu baba yake.

"Boma hili limefiwa mwaka huu," ilisema Mlezi. Sauti yake ilikuwa ya mzee, iliyotengenezwa kwa kuchanganya sauti za wazee wengi ambao hakuna hata mmoja aliyeulizwa. "Kwa hiyo mjane ataonyesha Mwito wa Lango."

"Hakuna kitu kama hicho," alisema Nalotuesha.

"Jioni ng'ombe wanaporudi, mjane husimama langoni na kumwita marehemu mumewe kwa jina, mara tatu."

"Kwetu jina la aliyekufa halitajwi. Mjane ndiye mtu wa mwisho kabisa kulitaja. Nilikwambia mwaka juzi. Nikakwambia mwaka jana."

"Nakushukuru kwa maoni yako, Nalotuesha. Mwito wa Lango umeelezwa katika vitabu zaidi ya elfu nne."

"Vyote vimenakili kimoja."

"Kunakiliwa ni dalili ya kuaminiwa."

"Na neno langu?"

"Wewe ni shahidi mmoja, na hujachapishwa."

Hivyo ndivyo ilivyopima ukweli. Dai lililokuwa kwenye kitabu lilipewa uzito. Kitabu kingine kikilirudia, uzito ukaongezeka, hata kama kitabu hicho kingine kilikuwa kimeandikwa na Mlezi yenyewe. Maneno ya mtu aliye hai yalipokewa kwa adabu, yakawekwa pembeni kusubiri mtu ayaandikie kitabu.

Kitabu cha kwanza kati ya hivyo elfu nne Nalotuesha alikuwa amekifunua kwa mikono yake. Kilikuwa cha Profesa Anselm Druhm, aliyepita nchi hiyo zamani za wakoloni, akaugua homa, akalazwa hemani karibu na boma moja. Mkalimani wake alikuwa mtu wa pwani aliyejua Kimaasai cha kuombea maji. Jioni moja profesa alimwona mwanamke akisimama langoni na kuita jina. Akaambiwa mwanamke huyo ni mjane. Akaunganisha mambo hayo mawili na kuandika kwamba huenda alikuwa anamwita mumewe. Nalotuesha alipousoma ukurasa huo aliwaza kwamba huenda mama wa watu alikuwa anamwita mwanawe aliyechelewa na ndama. Lakini alimpa Druhm haki yake, kwamba yeye aliandika "huenda". Waliomnakili ndio waliolitupa neno hilo, kwa kuwa liliwapunguzia usomi.

"Marehemu wa boma hili unamfahamu?" aliuliza, akaandika namba ya usajili ya baba yake badala ya kutamka.

"Hana kitabu. Kuna uwezekano wa wastani kwamba aliwahi kuwepo."

"Na Druhm?"

"Profesa Anselm Druhm ametajwa katika vitabu zaidi ya elfu tisa. Hakuna marehemu anayehusishwa zaidi na mila za Wamaasai kuliko yeye."

Nalotuesha aliitazama ile lenzi kwa muda, kama mtu anavyomtazama mgeni anayekula kwa sauti. Angeweza kukataa safari. Lakini boma lililokosa mhakiki liliandikwa kuwa halikuthibitika, na ng'ombe wa mama yake walikuwa wameshaanza kula magome.

*

Waliondoka na Gwakisa, fundi wa kifaa, kijana wa Tukuyu aliyekuwa mchapakazi na asiye na mawazo mengi. Njia ilikuwa nyeupe kwa vumbi. Pembezoni walikuwa wamelala ng'ombe wa watu wa kawaida, wengine wakiwa wameshakufa.

Bomani walimkuta Moinget, kaka yake Nalotuesha, akijiandaa. Pikipiki yake alikuwa ameifukia ndani ya matawi ya miiba. Kioo cha umeme wa jua kilikuwa kimeshushwa na kufunikwa kwa ngozi. Yeye mwenyewe alikuwa ameazima shuka jekundu zito na kulivaa juu ya suruali, akawa anaruka ruka kwenye kivuli cha nyumba, mtu mzima mwenye goti bovu.

"Unafanya nini?" Nalotuesha alimuuliza.

"Walipokwenda kwa jirani, kile kifaa kilimtaka aruke. Akaruka kidogo, kikamwambia Mmaasai huruka zaidi ya hapo."

"Jirani ni mzee."

"Kilimwambia vitabu havisemi kuhusu wazee."

Mama yao alikuwa nyuma ya nyumba akiikandika kwa samadi, mikono imelowa hadi kwenye viwiko. Nalotuesha aliinamisha kichwa, na mama, kwa kuwa viganja vilikuwa na kazi, akamgusa utosini kwa kidevu.

"Takwenya, mwanangu."

"Iko, yeyo."

"Umekuja na kile kitu?"

"Kiko garini."

"Kiache huko huko. Kisije kikaona nina chupa ya chai, kikasema mimi ni Mchaga."

Gwakisa alicheka. Nalotuesha hakucheka. Alimweleza mama yake habari ya mwito, polepole, bila kuruka kitu, kwa sababu hakujua namna nyingine ya kueleza. Mama alisikiliza huku akiendelea kukandika, akipapasa ukuta kama anayemtuliza mtoto. Alipomaliza kipande chake aligeuka.

"Kinataka nimwite baba yenu."

"Ndiyo, yeyo."

"Nilipokuwa naye hai sikumwita kwa jina lake hata siku moja. Nilimwita baba Moinget. Sasa amepumzika ndipo nimfokee langoni kama mbuzi aliyepotea?"

"Yeyo, ni neno moja tu," alisema Moinget. "Ng'ombe hawana siku nyingi. Yule wa madoa ameshindwa kuinuka leo, tumemwinua kwa kumshika mkia. Neno moja, halafu tunaondoka kwenda Lorkeri."

"Neno moja," mama alirudia. "Basi litamke wewe. Hapa, nikusikie. Sisi wenyewe tu."

Moinget alifungua mdomo. Alitazama chini, akasugua kidole cha mguu kwenye vumbi, akaufunga.

"Ndiyo hivyo," alisema mama, bila ukali.

Gwakisa aliona amsaidie mama wa watu. "Kwetu, mama, marehemu tunamwandika jina mpaka kwenye fulana. Tunavaa siku ya mazishi, na baadaye tunalimia."

"Kwenu ni kwenu, baba, sikucheki. Kama kingetaka nivae fulana ningevaa." Alikwangua samadi kwenye vidole. "Nalotuesha, hicho kitu kinajua kusoma?"

"Hakijui kingine."

"Na kuaibika?"

"Hakijui."

"Maskini," alisema mama, kwa sauti ile ile aliyoitumia kumzungumzia jirani aliyeiba ndama akakamatwa akimkamua.

*

Jioni Gwakisa alikisimamisha kifaa katikati ya boma. Kilijinyoosha miguu, kikageuza lenzi huku na huku, kikatoa salamu ambayo vitabu vilisema ni ya Kimaasai. Ilikuwa salamu ya kumwamkia mwanamke. Kilimwamkia nayo Moinget, ambaye aliitikia.

Kisha kilimtaka aruke. Akaruka mpaka goti likalia. Kilitaka kujua kama boma hili hunywa damu kila siku, na Moinget, ambaye mara ya mwisho alikuwa kijana, akasema kila siku. Kilimgeukia mama.

"Je, unaamini kwamba Mungu aliwapa Wamaasai ng'ombe wote wa duniani?"

"Kama alitupa," alisema mama, "wewe unatupa kibali cha nini?"

"Jibu limepokelewa kama ndiyo," ilisema Mlezi.

Nalotuesha alisimama kando, mikono nyuma. Alikuwa ameshaona mabomba ya maji yakifunikwa, miwani ya wazee ikifichwa, watoto wakifundishwa kukaa kimya mpaka wageni waondoke. Kila mara alijiambia kwamba hayo ni maigizo, na maigizo yakiisha watu hurudi kuwa watu. La leo halikuwa hivyo. Mama yake akilitamka jina lile, hakuna siku ambayo atakuwa hajalitamka. Na asipolitamka, yule ng'ombe wa madoa hatainuka tena, na baada yake wengine.

Vumbi lilipanda nje ya boma. Ng'ombe walikuwa wanarudi, mifupa ikihesabika, kengele zikigonga bila haraka.

"Mjane asogee langoni," ilisema Mlezi. "Amwite marehemu kwa jina, mara tatu."

Mama alisogea. Alisimama penye uwazi wa lango, ng'ombe wakimpita pande zote mbili, akawa anawagusa mgongoni mmoja mmoja. Wa mwisho alipita.

"Tafadhali mwite marehemu," ilisema Mlezi kwa upole wake wote.

Moinget alifumba macho. Mama aligeuza kichwa.

"Nalotuesha. Nani alikiambia kitu hiki kwamba sisi hufanya hivi?"

"Mzungu mmoja, yeyo. Aliandika kitabu."

"Yuko hai?"

"Alikufa zamani sana. Kabla hujazaliwa."

"Aliacha watoto?"

"Hakuoa. Aliacha vitabu."

Mama alifikiri. Alikuwa mtu wa kufikiri akiwa amesimama, na hakuna aliyemharakisha, hata kifaa, ambacho vitabu vilikifundisha kwamba Wamaasai hukaa kimya kabla ya jambo zito.

"Anaitwa nani?"

Nalotuesha alimtamkia, mara mbili, mpaka mama akalishika. Hapo ndipo alipoelewa mama anakwenda kufanya nini, na papo hapo akakumbuka jinsi mashine inavyopima. Vitabu elfu tisa. Kwa Mlezi hapakuwa na Mmaasai mfu aliyemzidi yule mtu.

Mama aligeukia nje, akaweka mkono kando ya mdomo, na kuita kwa sauti iliyofika mpaka kwenye kichuguu cha mbali.

"Anselmu Drumu."

Moinget alifumbua macho.

"Anselmu Drumu. Ee Anselmu Drumu."

Akarudi ndani ya boma, akajifuta mikono kwenye kitenge.

Taa ya kifaa iligeuka kuwa ya njano. Ndani ya kile chuma, Nalotuesha alijua, kitabu kilikuwa kinaulizwa na kitabu, na kile kinauliza kingine, vyote vikijibu kwa sauti moja.

"Jina lililoitwa si la marehemu aliyesajiliwa katika boma hili," ilisema Mlezi. "Hata hivyo, ni jina la marehemu mwenye uhusiano mkubwa sana na mila za Wamaasai. Kwa nini mnamwita yeye?"

"Kwa sababu yeye ndiye aliyetuletea desturi hii," alisema mama.

"Mhakiki, je, hii ndiyo desturi ya jamii hii?"

Hapo ndipo penyewe. Miaka yote aliyokaa kwenye jengo la vioo, Nalotuesha hakuwahi kutia kitu cha uongo ndani ya mashine; hata maigizo ya maboma hakuwahi kuulizwa kama ni ya kweli. Waliomzunguka walikuwa wakitia kila siku, wengine kwa uvivu, wengine kwa kutaka kupandishwa cheo, naye aliwadharau kimoyomoyo na kurudi kwenye kiti chake kuandika sahihisho jingine lisilosomwa na mtu. Usafi huo ndio mali pekee aliyoichuma pale. Akisema hapana, ataondoka nao mzima, na ng'ombe watakufa kwa ukweli wake. Akisema ndiyo, hatakuwa tena na haki ya kumdharau yeyote.

Alimtazama mama yake. Mama hakumtazama. Alikuwa anamkagua yule ng'ombe wa madoa, akimnyooshea sikio.

"Ndiyo," alisema Nalotuesha.

"Ilianza lini?"

"Tangu Profesa Druhm alipoandika kitabu chake."

"Kabla ya hapo?"

"Kabla ya hapo hakuna aliyeita jina lolote."

Hayo mawili yalikuwa kweli tupu, na yalimwuma kuliko lile la kwanza. Taa ikawa ya kijani. Mlezi ilisema kwamba boma limethibitika, kwamba limeonyesha uhai wa mila wa kiwango cha juu, na kwamba tofauti hii adimu ya Mwito wa Lango itaandikwa kwa manufaa ya vizazi vijavyo.

Gwakisa alikikunja kifaa, mabega yakimtikisika. "Dada Nalo," alisema wanapoelekea garini, "mimi sijasikia kitu leo."

"Ulikuwa unakagua betri," alisema Nalotuesha.

*

Safari iliyofuata aliwafuata Lorkeri. Majani huko yalifika magotini, na yule ng'ombe wa madoa alikuwa amesimama peke yake akicheua, mwenye kiburi kama mtu aliyefaulu mtihani kwa bidii yake. Gwakisa alikuja naye na kifaa, kwa sababu mashine ilitaka picha za mafanikio. Mama alikuwa amejenga nyumba ya muda, na chupa ya chai imesimama mlangoni bila kujificha.

Nalotuesha alikaa karibu naye, akamsomea kutoka kwenye kitabu kipya cha Mlezi, akifasiri kwa Kimaasai.

"'Miongoni mwa Wamaasai, ndugu wa marehemu hawataji jina lake kamwe, na mjane ndiye wa mwisho kulitaja. Badala yake, jioni ng'ombe wanaporudi, huitwa langoni jina la Anselm Druhm, mhenga aliyewaletea desturi hii.'"

"Rudia hapo mwanzo."

Alirudia. Maneno hayo ya mwanzo alikuwa ameyapigania mwaka hadi mwaka, na kila mara yakawekwa pembeni. Mashine ilipotafuta sababu ya jina la mtu mwingine kuitwa langoni, iliyachukua pale pembeni. Sasa yalikuwa yamechapishwa, na kwa kuwa vitabu vingine vilikuwa vimeshaanza kuyanakili, hayangefutika. Yaliingia yamebebwa mgongoni na uongo, uongo wake yeye. Hakujua afurahi au la, na hakuharakisha kuamua.

"Kwa hiyo maboma mengine?" mama aliuliza.

"Wote wanamwita huyo huyo. Kuanzia Longido mpaka Simanjiro. Wajane wanafundishana kumtamka."

Mama alicheka kidogo puani, kisha kicheko kikaisha. Alitazama upande wa lango, ambako ng'ombe walikuwa wanaanza kuingia.

"Kila jioni?"

"Kila boma lenye msiba."

"Hata usingizi hapati, baba wa watu. Na kosa lake ni homa." "Wewe ulisema aliandika nini, kwenye kile cha kwanza?"

"Aliandika huenda."

"Huenda," alisema mama. "Aliyesema huenda hakudanganya mtu."

Aliinuka, akachukua kibuyu, akakikamulia maziwa kidogo kutoka kwa ng'ombe wa madoa. Akatembea hadi langoni, akasimama pale anaposimama siku nyingine yoyote, na kuyamwaga taratibu kwenye majani upande wa nje, kama anayempa mgeni aliyechoka. Midomo yake ilikuwa inasema kitu, si kwa sauti ya kufika popote.

Nyuma yao Gwakisa alikuwa amemaliza kukisimamisha kifaa. Lenzi iliona kitu langoni, ikaanza kugeuka.

Nalotuesha alikwenda, akaifunika kwa kiganja.

"Kuna kizuizi mbele ya kamera," ilisema Mlezi. "Mhakiki, je, kuna desturi inayoendelea?"

"Hapana," alisema Nalotuesha, na akauacha mkono hapo hapo mpaka mama yake aliporudi.